Paro ndiye aliyekataliwa

Muulize mpenzi yeyote wa picha za Kihindi nani aliumizwa kwenye Devdas. Jibu halichelewi: Devdas mwenyewe, na chupa yake mkononi. Hadithi ilichapishwa kama riwaya ya Kibengali mwaka 1917 na imegeuzwa filamu mara nyingi. Iliyokaa vichwani mwa wengi wetu ni ya Sanjay Leela Bhansali ya 2002, ambapo Shah Rukh Khan anakata roho nje ya geti la Paro, mpenzi wake wa tangu utotoni, huku geti likifungwa.

Sasa irudishe nyuma uitazame tena. Paro ndiye aliyemfuata Devdas chumbani usiku, akijua akionwa jina lake limekwisha. Devdas ndiye aliyemwandikia barua ya kumkana. Alipojuta, Paro alikuwa ameshaposwa, na Devdas akamjeruhi kwenye paji la uso. Kwa hesabu ya kawaida aliyepigwa kibuti ni Paro. Ila Paro hakupewa nafasi ya kulia. Aliolewa na mwanamume aliyefiwa na mke, mwenye watoto wakubwa, akakabidhiwa jumba zima la kuendesha. Devdas akapewa nyimbo.

Hilo ndilo kosa la filamu nyingi za kuvunjika moyo: maumivu wanampa mwenye kelele. Lakini aliyeambiwa “hapana” mara nyingi hana hata pa kulilia. Kuna mtu anaongea naye, kuna chungu jikoni, kuna konda anadai nauli.

Walioelewa hili mapema ni Waingereza wa Brief Encounter, filamu ya David Lean ya 1945. Laura ana mume, Alec ana mke. Wamekubaliana kuachana, na Alec anahamia Johannesburg. Wamebakiwa na dakika chache kwenye mgahawa wa stesheni. Anaingia Dolly, mama mmoja anayefahamiana na Laura, anavuta kiti na kuanza kupiga soga. Hawawezi kusema neno. Treni ya Alec inafika, anasimama, anamwekea Laura mkono begani kidogo tu, anatoka. Dolly bado anaongea.

Ujanja ni kwamba sini hiyo tunaionyeshwa mara mbili. Mwanzoni hatujui hao ni nani, kwa hiyo mkono begani ni mkono tu. Mwishoni tumeshakaa nao filamu nzima, na mkono uleule, kwenye chumba kilekile, unatukaba koo. Mtunzi hakumwongezea mwigizaji hata chozi moja. Alichokiongeza ni tunachokijua sisi. Dolly naye siyo kichekesho cha kupitisha muda. Yeye ndiye dunia isiyosimama kumpisha mtu alie.

Hapa ndipo filamu zetu za nyumbani zinapojikwaa, na sababu yake ni ya kiufundi kuliko inavyodhaniwa. Sini ya kuachwa hupigwa hivi: wawili wamekaa kwenye sofa, mmoja anatamka “sikutaki tena”, klozapu (uso peke yake ukijaza skrini), kinanda, machozi, kumbukumbu za ufukweni kwa mwendo wa polepole. Klozapu ikitumika kwenye sentensi ya kwanza, huna tena pa kusogea. Kamera imeshafika mwisho wa safari yake na bado kuna dakika tatu za maongezi. Mwigizaji analazimika kupandisha sauti kwa kuwa picha haiwezi kupanda.

Ukianza na shoti pana, wote wawili wakiwa ndani ya fremu, unajiwekea akiba. Baki hapo hadi neno lenyewe litamkwe. Halafu kamera iende kwa anayesikia, wala si kwa anayesema. Anayesema tayari anayo sauti yake kutufikishia. Anayesikia ana uso peke yake. Mpe kitu mkononi kabla ya kuanza: sahani anayoosha, shati analopiga pasi, mtoto wa jirani anayemfunga viatu. Akishaambiwa, asikiache. Mikono itakayoendelea na kazi ndiyo itakayotuambia, kwa sababu itakosea kidogo: sahani ileile itaoshwa mara ya pili.

Machozi ya kutengeneza yana namna yake. Matone ya gliserini yanateremka vizuri shavuni lakini jicho linabaki jeupe, na mtazamaji anaona uongo hata kama hajui kuutaja. Mentholi ikipakwa chini ya jicho, kwa uangalifu isiingie ndani, huliwasha na kulifanya jekundu, ila ukirudia mara tano uso unavimba na hautalingana tena na shoti ya asubuhi. Basi piga klozapu za kilio mwisho wa siku, au mruhusu mwigizaji asilie kabisa. Mtu anayejizuia kulia humliza mtazamaji haraka zaidi.

Kisha sauti. Kabla ya kufungasha vifaa, wanyamazishe watu wote na urekodi chumba kitupu kwa sekunde thelathini: friji, feni, mwadhini wa mbali, bodaboda. Bila kipande hicho mhariri hawezi kutengeneza ukimya. Akikata maongezi panabaki shimo, na shimo huzibwa na kinanda. Nusu ya muziki wa huzuni kwenye filamu zetu ni viraka vya sauti mbovu. (Kwenye kibanda umiza, yaani banda la kuonyeshea video, ukimya una adui mwingine: mtafsiri anayelipwa aongee juu ya filamu. Hata sini ya mkono begani angeijaza utani, na wateja wangeshangilia.)

Upande wa pili wa kosa hili ni kuligeuza “hapana” kuwa “ndiyo” iliyochelewa. Darr ya Yash Chopra, 1993, inamtaja mviziaji kwa jina lake la kweli: Rahul anamfuata Kiran, anamtisha, na mwishoni anauawa. Hata hivyo, wengi walitoka ukumbini wakimkumbuka Rahul na kigugumizi chake kuliko mume wa Kiran. Muswada ulimhukumu, ila kamera ilikuwa imekaa naye muda mwingi mno, ikimwangaza kama steringi. Ukitaka kujua filamu iko upande wa nani, hesabu ni nani anaonyeshwa akiwa peke yake chumbani. Huyo ndiye tutakayemwonea huruma, hata awe na kisu.

(500) Days of Summer ya 2009 inaucheza mtego huohuo kwa makusudi. Summer anamwambia Tom mapema kabisa kwamba hataki jambo zito. Tom anasikia anachotaka. Baadaye anakwenda kwenye sherehe kwake, na skrini inagawanywa: kushoto matarajio, kulia uhalisia. Pande zote zinaanza karibu sawa, mlango unafunguliwa, zawadi inatolewa, kisha zinaachana taratibu, mpaka anaiona pete ya uchumba kidoleni mwa Summer. Hakuna aliyemkataa jioni ile. Jibu alikuwa nalo muda wote. Bado kuna watazamaji wanaomlaumu Summer, jambo linaloonyesha jinsi ilivyo vigumu kumshinda mwenye kamera.

Siku hizi watu wanaachana kwa simu, na hapo watengenezaji wetu wanachelewa sana. Mwigizaji anasoma ujumbe kwa sauti kana kwamba yuko redioni. Onyesha skrini yenyewe, ujumbe mfupi, na uiache kwa muda wa kuusoma mara mbili kwa mwendo wa kawaida, maana wapo watakaotazama kwenye simu ndogo zaidi ya hiyo. Jibu likiwa ni kublokiwa, maneno hayahitajiki hata moja: tiki moja ya kijivu isiyoongezeka ya pili, na pale palipokuwa na picha yake pamebaki kivuli cha kichwa. Piga shoti hiyo ndani ya daladala iliyojaa, simu ikiwa chini kifuani ili abiria wa pembeni asione. Halafu konda agonge sarafu dirishani, na msichana aanze kutafuta nauli.