Mwanasoka Mbele ya Kamera: Jina Humnunulia Nini?

Eric Cantona alitundika daluga mwezi Mei 1997, kabla hajatimiza miaka 31, akiwa ametoka kutwaa ubingwa wa Uingereza kwa mara ya nne ndani ya misimu mitano na Manchester United. Mwaka uliofuata watazamaji wa filamu ya Elizabeth walimwona amevaa mavazi ya karne ya 16, akiwa balozi wa Ufaransa mbele ya malkia. Mwaka huohuo wa 1998 Vinnie Jones, kiungo mkabaji aliyekuwamo katika kikosi cha Wimbledon kilichoifunga Liverpool bao 1-0 kwenye fainali ya Kombe la FA miaka kumi nyuma, aliingia katika filamu ya Lock, Stock and Two Smoking Barrels kama mkusanya madeni anayezunguka na mwanawe mdogo. Tangu hapo swali halijaisha: je, wachezaji hawa walipewa nafasi kwa kipaji, au waliuzwa kwa watazamaji kwa jina tu?

Wanaolalamika wana hoja nzito. Mwigizaji aliyesomea kazi yake hutumia miaka akifundishwa kupumua, kutamka na kumsikiliza mwenzake jukwaani, kisha hupanga foleni ya usaili akigombea nafasi yenye maneno mawili, huku mtu ambaye sifa yake kuu ni kukaba viungo akipitishwa mlango wa mbele kwa sababu magazeti yataandika habari zake bila mtayarishaji kulipia tangazo.

Hata hivyo, hoja ya shule haisimami vizuri inapopimwa kwa mifano. Frank Leboeuf, beki aliyecheza fainali ya Kombe la Dunia ya 1998 ambapo Ufaransa iliifunga Brazil, alikwenda Los Angeles kujifunza uigizaji baada ya kustaafu. Kama shule ndiyo kipimo, yeye ndiye angepaswa kuwa mbele ya wenzake wote, lakini katika The Theory of Everything ya mwaka 2014 alipata nafasi fupi tu ya daktari. Jones, aliyekuwa kibarua wa ujenzi kabla ya soka ya kulipwa, alifika mbali zaidi kwa uso na kifua chake. Ile picha ya mwaka 1988 inayomwonyesha akimbana mchezaji wa timu pinzani, Paul Gascoigne, sehemu za siri ilikuwa, kwa namna yake, usaili ambao waongozaji wote walikuwa wameshauona.

Tatizo ni kwamba usaili wa namna hiyo humfunga aliyeufaulu. Katika Gone in 60 Seconds ya mwaka 2000 Jones aliigiza mtu ambaye karibu filamu nzima hasemi neno, na mwaka 2006 katika X-Men: The Last Stand akawa pande la mtu linalobomoa kuta. Mwongozaji aliyemwajiri alikuwa amenunua kile ambacho mashabiki walikwishakiogopa uwanjani. Watetezi watasema kwamba hata waigizaji waliosoma hufungiwa katika aina moja ya mhusika, na ni kweli, lakini mwigizaji wa kawaida huingia katika kifungo hicho kwa kazi aliyoifanya mbele ya kamera, si kwa kadi alizoonyeshwa na waamuzi.

Kwangu mimi, faida kubwa ambayo jina humpa mwanasoka si ile nafasi ya kwanza, bali ni muda. Cantona alicheza nafasi nyingi ndogo, na mwaka 2009, katika Looking for Eric, bado aliitwa kuwa Cantona mwenyewe, akimtokea mtumishi wa posta wa Manchester kama njozi. Ilipofika mwaka 2020, katika tamthilia ya Kifaransa ya Dérapages, alibeba mhusika mkuu, mtu mzima aliyekosa ajira kwa miaka na ambaye aibu imeanza kumgeuza hasira. Mabega yale yale yaliyokuwa yakiinuliwa kwa majivuno baada ya bao sasa yameinama, na inapita dakika nyingi bila mtazamaji kukumbuka mpira. Miaka 23 ilikuwa imepita tangu astaafu. Mwigizaji asiyejulikana hasubiriwi kiasi hicho. Akichechemea mara mbili simu huacha kulia. Hapo ndipo ninapoona dhuluma halisi, ingawa ni vigumu kumlaumu Cantona kwa kuutumia vizuri muda aliopewa.

Jones naye alisubiriwa. Guy Ritchie, aliyemwongoza katika filamu ile ya 1998, alimrudisha mwaka 2024 katika tamthilia ya The Gentlemen, na safari hii alimpa mhusika mpole, mtunza mapori wa familia ya kikabaila, anayeuguza wanyama waliojeruhiwa.