Mkaa wa Calabria, mkaa wa Kisarawe

Huku Italia kuna filamu ya dakika 88 ambayo ukiionyesha kwenye kibanda umiza kwetu Kisarawe, watu watadai hela zao mapema kabisa. Inaitwa Le quattro volte, ya mwaka 2010, na aliyeitengeneza ni Michelangelo Frammartino. Maneno karibu hakuna. Mzee mchunga mbuzi anakohoa, anakunywa vumbi la kanisani akiamini ni dawa, anakufa. Mbuzi anazaliwa. Mti unakatwa, unasimikwa kijijini kwa sherehe, kisha unaishia kuwa mkaa. Basi.

Mimi huo mkaa ndio ulionishika. Wachomaji wa Calabria, kusini mwa Italia, wanapanga magogo hadi yanasimama kama kichuguu, wanafunika kwa nyasi na udongo, wanapanda juu kushindilia, na moshi unatoka polepole. Aliyekulia kwetu anaijua kazi hiyo hata kama tanuri letu ni la kulaza: hewa ikipenya usiku, asubuhi unafukua majivu.

Tofauti iko kwenye kamera. Huku mchoma mkaa anatazamwa akiwa kazini. Wa kwetu, kila nilipomwona kwenye skrini, alikuwa mshitakiwa: shoka, muziki wa huzuni, na sauti ya msomi ikitueleza misitu inavyokwisha. Sibishi, inakwisha. Ila inaliwa na Dar es Salaam, na mama anayekaangia chipsi mkaa huohuo Temeke hakuna anayemfuata na kamera. (Droni nazo zina kazi yake: twiga, machweo, karibu Tanzania.)

Hata hivyo sitaki tuige ule ukimya. Frammartino alizaliwa Milano kwa wazazi waliotoka Calabria. Ni mtoto wa waliohama, karudi kutazama walichokiacha wazee wake. Vijana wa vijiji vile waliondoka miaka mingi, wengine kaskazini, wengine Ujerumani. Wenzangu huku wakiona vichochoro vile wanasifu utulivu. Mimi naona nyumba zimefungwa.

Kijiji chetu hakijanyamaza. Kuna watoto, redio, bodaboda, na jirani ambaye hapiti bila kuulizwa za nyumbani, za shamba, na mguu unaendeleaje. Hata sinema tuliizoea ikiwa na Lufufu, yule msimulizi wa filamu za kigeni, anayetafsiri kwa Kiswahili juu kwa juu, akiongeza na ya kwake. Kwa hiyo subira ya kamera yetu iwe ya kusikiliza pia: mazungumzo yanayopishana yaachwe yalivyo, salamu iende mpaka iishe, tanuri liwashwe na lifukuliwe bila mtu kutuambia tufikirie nini. Salamu hizo ndizo mhariri huzikata kwanza, eti hazina habari.

Na pesa? Mfadhili atauliza ujumbe wa filamu ni upi. Ukishindwa kumjibu kwa sentensi moja, atakuletea msimulizi.