Cheo bila ukuu kazini ni nusu ya haki

Aliyewahi kuwa mtumishi wa umma anaijua tange, ile orodha ya watumishi inayopangwa kwa cheo na tarehe ya kukipata. Siku inapobandikwa ubaoni, hata chai inasahaulika. Kidole kinashuka taratibu mpaka kwenye jina lako, kisha kinarudi juu kuona nani amekutangulia. Nimewaona watu wawili walioshibana wakinuniana mwaka mzima kwa ajili ya mstari mmoja wa orodha ile. Ndiyo maana kesi za India kuhusu ukuu kazini, yaani nani ahesabiwe kumtangulia nani kwenye orodha hiyo, haziniachi.

Katiba ya India inaruhusu nafasi za serikali zitengwe kwa watu waliobaguliwa kwa karne nyingi. Kwenye ajira za serikali kuu, asilimia 15 hutengewa matabaka yaliyoorodheshwa, yaani Dalit, watu waliokuwa wakiitwa wasioguswa, na asilimia 7.5 makabila yaliyoorodheshwa. Nafasi hizo zinahusu kupanda cheo pia, na hapo ndipo ugomvi ulipokolea.

Chukua makarani wawili. Wa kwanza anatoka tabaka la juu na ameanza kazi miaka mitatu kabla ya mwenzake. Wa pili ni Dalit. Nafasi ya karani mkuu inatokea, na kwa mpangilio wa zamu ni ya kutengwa, basi wa pili anapanda. Baada ya miaka minne wa kwanza naye anapanda. Sasa wote ni makarani wakuu. Ikitokea nafasi ya juu zaidi, nani ahesabiwe mkubwa?

Mwaka 1995, katika kesi ya magadi wa treni, Mahakama Kuu Kabisa ilisema wa kwanza anarudishiwa ukuu wake wa zamani mara anapomfikia mwenzake. Mwaka 1997 majaji wengine wakasema vingine. Mwaka 1999 kanuni ya mwanzo ikarudi. Bunge likaingilia mwaka 2001 kwa marekebisho ya 85 ya Katiba: aliyepandishwa kwa nafasi ya kutengwa apate na ukuu wa cheo hicho, kuanzia Juni 17, 1995. Mwaka 2006, katika kesi ya Nagaraj, mahakama iliyakubali marekebisho hayo, ila ikataka kila serikali ithibitishe kwa takwimu kwamba watu hao kweli ni wachache katika vyeo husika.

Mimi nasimama na Bunge. Sisemi karani wa kwanza hana la kulalamikia. Wale magadi walieleza kwamba kwa nafasi 11 za daraja la juu waliitwa watu 33, wote wa makundi yaliyotengewa nafasi. Ukikosa hata mmoja wa upande wako kwenye orodha kama hiyo, lazima uumie. Lakini miaka minne aliyoitumikia karani wa pili kwenye kiti cha ukarani mkuu ni miaka ya kazi. Aliitia sahihi mizigo ya mafaili, alilaumiwa kwa makosa ya ofisi. Kwa sheria gani ifutwe siku mwenzake anapofika?

Tena ukuu kazini si heshima tu. Mkubwa ndiye anayeandika tathmini yako na kukaa kwenye kikao kinachoamua nani apande kesho. B. R. Ambedkar, Dalit aliyeongoza kamati iliyoandika rasimu ya Katiba hiyo, aliajiriwa katika serikali ya Baroda mwaka 1917 akiwa msomi wa Chuo Kikuu cha Columbia, Marekani. Wanaosimulia maisha yake wanasema matarishi walimrushia mafaili mezani kwa mbali, wasije wakamgusa. Cheo alikuwa nacho. Waliokuwa juu yake hawakuwa watu wake, na hakuna aliyewakemea wale matarishi. Ukimwacha Dalit apande ngazi moja kisha ukamrudisha nyuma ya foleni kila anapofikiwa, vile viti vya juu kabisa havitamfikia.

Hasira yangu ni kwa serikali zinazotunga sheria bila kuhesabu watu. Jimbo la Karnataka lilikuwa na sheria yake ya ukuu tangu 2002. Mwaka 2017 mahakama ikaibatilisha kwa kukosa takwimu, ikaagiza tange zipangwe upya ndani ya miezi mitatu. Hebu fikiria umeitwa ofisini ukiwa na miaka mingi ya cheo, unaambiwa jina lako limeshuka, na wala hakuna aliyesema umefanya kazi vibaya. Serikali ya jimbo ikaunda kamati chini ya ofisa wake wa juu, Ratna Prabha, ikahesabu watumishi kwa makundi ya vyeo, ikatunga sheria mpya mwaka 2018, na Mei 2019 mahakama ikaipitisha. Majina yakatakiwa kupanda tena.

Hesabu yenyewe, basi, iliwezekana, na ilichukua muda mfupi tu. Tangu hukumu ya 2006 serikali hiyo ilikuwa na zaidi ya miaka kumi ya kuifanya, na ilianza kuifanya baada ya watu kuambiwa washuke.