Yai nitaliokota mwenyewe

Mhusika wangu wa World of Warcraft, gemu ya mtandaoni ya wachezaji wengi, ana upanga unaowaka moto na mnyama wa kupanda anayeruka angani. Majoka ameshaua ya kutosha. Lakini usiku mmoja wa Desemba alitumia muda wa karibu saa mbili katika mbuga ya wanaoanza, akifukuza ndege ambao angeweza kuwaua kwa kupiga chafya tu. Kila ndege akianguka, nainama kupekua. Manyoya. Nyama. Mdomo uliovunjika. Manyoya tena. Nilikuwa nataka mayai, mayai madogo ya kupikia, na siku hiyo ndege wa nchi ile walikuwa kama wameapa kutotaga.

Kulikuwa na mchezaji mgeni hapo, levo 6 au 7 hivi, bado amevaa nguo alizozaliwa nazo. Alinitazama weee, mwisho akaandika: "Mkuu, umepotea?"

"Sijapotea, ndugu yangu. Napika."

Akanyamaza. Nadhani alihisi nina matatizo.

Hayuko peke yake. Wenzangu wa chama, kikundi tunachocheza nacho, wameniambia mara nyingi: nenda soko la mnada, pale wachezaji wanapouziana vitu, andika jina la kitu, lipa, rudi tukapigane. Kwa hesabu, wako sahihi kabisa. Dhahabu ninayoweza kupata kwa saa mbili za kazi nyingine ingenunua mayai ya kujaza begi zima. Ila kupika kwenye gemu hizi, tuseme ukweli, hakuna utamu wowote. Unasimama karibu na moto, unabonyeza, kamstari kanajaa, sahani imetoka, unabonyeza tena. Ukiondoa safari ya kutafuta vitu vya kupikia, umebaki na kamstari.

Aliyenifundisha hili ni mpishi wa Lumbridge. Waliocheza RuneScape, gemu iliyofunguliwa mwaka 2001, wanamjua. Ni siku ya kuzaliwa ya bwana wa ngome, mpishi kachanganyikiwa jikoni, keki haina vifaa. Anataka vitu vitatu: yai, ndoo ya maziwa na chungu cha unga. Ukimsikiliza juu juu unaona ni kazi ya dakika mbili. Yai kweli halina shida, liko chini kwenye banda la kuku, unaliokota. Maziwa yanataka ndoo tupu na ng'ombe wa kukamuliwa. Shughuli iko kwenye unga. Unaingia shambani unachuma ngano. Unaibeba hadi kinuni, unapanda ngazi mpaka juu kabisa, unaimimina kwenye mdomo wa kinu, unavuta mtambo. Halafu kimya. Unasimama pale juu unangoja unga uingie mkononi na hauingii, kwa sababu umeshaporomoka hadi chini kabisa, umo ndani ya pipa, na unatakiwa ushuke na chungu kitupu ukauchote.

Mimi nilikuwa sina chungu. Kilikuwa jikoni, kwa mpishi yule yule, na nilikipita nikitoka.

Malipo ya kazi yote hiyo ni pointi 1 ya misheni na pointi 300 za uzoefu wa upishi, kiasi ambacho mchezaji mkongwe hakioni hata kikipita. Lakini angalia nilichopata bila kuandikiwa popote. Nilijua unga unatoka wapi. Nilijua shamba liko upande gani wa kinu na kuku wako upande gani wa shamba. Nilijua kwamba ghorofa ya juu ina uhusiano na ya chini. Hakuna misheni ya kuua panya kumi iliyowahi kunifundisha ramani namna hiyo, kwa sababu panya unamfuata pale mshale unapoelekeza, ila unga unaufuata kwa akili.

Baadaye kwenye gemu ile ile nikahamia kwenye kamba-kochi, na hapo ndipo nilipojua maana ya mzigo. Begi lina nafasi 28. Mtego wa kuvulia unachukua moja. Sarafu za nauli ya meli zinachukua nyingine, maana wakati huo kamba-kochi tuliwavua kisiwani Karamja na benki iko ng'ambo. Kila safari sarafu 30. Zinabaki nafasi 26, na kamba-kochi hawapangwi juu kwa juu, kila mmoja anakalia yake. Kwa hiyo ni 26 kwa safari, basi. Ukifika kwenye moto na levo yako ya 40, ile ile inayokuruhusu kuanza kumpika, wengi wanaungua mbele ya macho yako. Kuacha kabisa kuwaunguza kunataka levo ya 74. Kila aliyeungua nilimwona na sura: yule niliyemngoja wakati mvua inanyesha dirishani kwangu, yule niliyemlipia nauli. Ukimnunua sokoni akaungua, imeungua sarafu tu.

Hapo ndipo tunapokosana mimi na watu wa soko la mnada. Kitu ulichokinunua hakina kwao. Ni picha ndogo na namba pembeni. Chukua yale mayai yangu ya Desemba. Katika World of Warcraft, wakati wa sikukuu ya Winter Veil, kuna mzee anayetaka biskuti tano za tangawizi na maziwa baridi, na kila biskuti inakula yai moja dogo. Miezi kumi na moja yai hilo ni takataka, wageni wanaliuza kwa mwenye duka ili kupata nafasi kwenye begi. Ghafla kila mpishi wa seva analitaka na bei inapaa. Anayenunua anaona bei tu. Anayetafuta anarudi kwenye mbuga alizozikimbia siku nyingi, anakuta ndege wale wale, miti ile ile, na wakongwe wenzake waliovaa mavazi ya vita wakigombania kanga... samahani, bundi. Ni kama mkutano wa wazee uliofanyika bandani kwa kuku. Nimezungumza na watu wengi zaidi kwenye uwindaji wa mayai kuliko kwenye mapango yote ya mabosi, wale maadui wakubwa wa gemu, ambako kila mtu anakimbia na hakuna hata salamu.

Au chukua samaki wa kwenye vidimbwi vya Barrens, nchi kavu ya gemu hiyo hiyo ambayo mtu hangetarajia kukaa na ndoano. Mapishi yake yanadondoka kwa nadra sana kutoka kwa viumbe wa nchi hiyo hiyo, na ukila unageuka haramia au ninja. Hayaongezi nguvu yoyote ya maana. Ni upuuzi mtupu, na kwa maoni yangu ndiyo chakula bora kabisa kilichowahi kuwekwa kwenye gemu, kwa sababu kimefungwa na mahali pake kama kitovu na mtoto.

Sasa, kutafuta nako kuna namna ya kuharibika, na sitaki kujifanya sioni.

Kuna la saa. Final Fantasy XIV imegawa muda wake ili siku moja ya Eorzea, dunia ya gemu hiyo, iwe dakika 70 za kwetu, na baadhi ya mimea inatokea saa maalumu tu za siku hiyo. Samaki wengine wanataka saa na hali ya hewa kwa pamoja. Mwanzoni nilipenda mno. Mmea wenye saa yake unaifanya dunia ionekane inaishi bila kunisubiri. Nikaweka kengele kwenye simu, moja, mbili, mwisho nikawa na kengele tano. Siku moja niliacha chungu changu cha kweli jikoni, nikakimbilia mmea wa kwenye skrini, nikauwahi kwa sekunde chache. Chungu hakikuwahiwa. Chakula nilichopika kwenye gemu kilidumu tumboni mwa mhusika dakika 30 na kikampa nyongeza ya asilimia 3 ya uzoefu. Chungu nilikisugua siku mbili.

Kuna la unyapara. Black Desert ina bia ambayo kila mchezaji anaijua kwa moyo: nafaka 5, maji ya madini 6, sukari 1, chachu 2. Sukari na maji unanunua, nafaka unatumwa shambani, na viazi navyo vinahesabiwa nafaka. Ila huendi wewe, unaajiri wafanyakazi, unawapeleka kwenye mashamba ya viazi, wanachoka, unawapa bia, wanarudi kulima viazi vya kupikia bia. Ule mzunguko umetengenezwa kwa ustadi, nakiri, nilikaa nikiushangaa kama mtu anayeangalia saa iliyofunguliwa mgongo. Lakini baada ya wiki kadhaa niligundua sijawahi kuliona shamba lenyewe. Nilikuwa nyapara wa viazi, nimekaa mjini nagawa pombe.

Na kuna sisi wenyewe, tulio wabaya kuliko nzige. Ultima Online ilipofunguliwa mwaka 1997, wabunifu wake walikuwa wameandaa mfumo wa viumbe wanaotegemeana: walao majani wanakula majani, wakali wanawala hao, na wakikosa mawindo wanasogea kuyatafuta kwingine. Wachezaji wakaingia wakaua kila kitu kilichosogea, upesi kuliko kilivyoweza kuzaana, na mfumo mzima ukatolewa bila watu wengi kujua kwamba uliwahi kuwepo. Nikisoma habari hiyo najisikia vibaya, kisha najiuliza mimi ningekuwa upande gani. Najua jibu. Ningekuwa na begi limejaa nyama ya sungura.

Kwa hiyo suala la nani anachuma nini si dogo. Kwenye gemu nyingi za zamani mmea ulikuwa mmoja, aliyefika kwanza kachukua. Guild Wars 2, mwaka 2012, ikaja na utaratibu mwingine: kila mchezaji ana mmea wake pale pale, mimi nikichuma wako bado upo. Wako wanaosema hilo limeua ushindani. Kweli, limeua. Mimi sijaulilia. Ninapomwona mtu anakuja mbio kwenye kichaka nilichokiona kwanza, na moyo wangu unaanza kumchukia mtu nisiyemjua kwa sababu ya vitunguu, najua hapo kuna kitu kimepangwa vibaya. Afadhali tuchume sote tuulizane habari.

Kisha kuna roboti, yaani wahusika wanaoendeshwa na programu badala ya mtu. Kwenye gemu moja nisiyotaka kuitaja nilikuwa na bonde langu la uyoga. Naliita langu kwa sababu nililizunguka jioni nyingi hadi nikajua uyoga wa tatu hufichwa na jiwe na wa tano lazima uruke kijito. Siku moja nikakuta wahusika wanne, majina yao herufi zisizosomeka, wanatembea njia ile ile kwa hatua zile zile, wakifika kwenye jiwe wanageuka pembe ile ile. Nikawasalimia, kimya. Nikasimama mbele yao, wakanipita. Nikaripoti, nikajibiwa kwa barua ya kunishukuru, na wiki iliyofuata walikuwa sita. Bei ya uyoga sokoni ikaanguka hadi ikawa haina maana kuuchuma, na wenzangu wa chama wakafurahi: "Si unaona, rahisi!" Ni rahisi. Kuna kitu hakiko sawa bondeni, ila kwenye orodha ya bei hakionekani.

Sidai kila kitu kitafutwe. Mwenye nusu saa tu ya kucheza baada ya kazi na watoto, anunue, ale, akapigane, Mungu ambariki. Hata mimi chumvi nanunua. Na kuna gemu zinazokupa ukusanyaji usio na heshima yoyote, kama kupekua mapipa ya watu kwenye Elder Scrolls Online, ambako unaingia nyumba isiyo yako, jina la kitu limeandikwa kwa rangi nyekundu kukuonya kwamba ni wizi, na bado unasita sekunde nzima kama uibe karoti. Nimewahi kukimbizwa na walinzi kwa sababu ya mboga. Sijutii.

Ninachowaomba watengenezaji ni kitu kimoja tu: kila kiungo kiwe na kwao. Kiwe na bonde, au kinu, au ndege anayekitaga. Atakayependa kununua atanunua, mradi sisi wengine tuwe na pa kwenda.

Nirudi kwa yule mgeni. Nilikuwa nimepata mayai mawili kwa saa mbili, nataka matano. Akarudi, safari hii akiwa na kofia.

"Mkuu, hivi ulisema unatafuta nini?"

"Mayai madogo."

"Haya yenye picha ya kijivu? Mimi huwa namuuzia mwenye duka. Nilikuwa naelekea huko."

Akafungua dirisha la mabadilishano, akayaweka. Kumi na moja. Nikayatazama muda mrefu, nikiwaza yote niliyowahi kuwahubiria watu kuhusu kuokota mwenyewe.

"Unalipa ngapi?" akauliza.

Nilichukua matatu tu. Na bei aliyonitajia, kijana yule, alikuwa ameshapita sokoni.