Mzimamoto kuwa mbunge mbona inawezekana
Eti mzimamoto akishachaguliwa kuingia bunge la jimbo huko Marekani lazima aache kikosi? Si katika jimbo la Washington. Bunge lake, lililoko mji mkuu wa jimbo, Olympia, hukaa siku 105 mwaka witiri, 60 mwaka shufwa, kuanzia Januari. Zimamoto nao wengi huenda kwa zamu za saa 24, kwa hiyo kazi ni kupata wa kukushikia zamu miezi hiyo tu. Dan Griffey wa kaunti ya Mason aliingia bunge hilo kwa uchaguzi wa 2014 akiwa mzimamoto. Na ujuzi huo wa zimamoto unatakiwa bungeni: sheria ya fidia ya wafanyakazi huko huhesabu ugonjwa wa moyo kuwa wa kazini ukitokea ndani ya saa 72 baada ya moshi, lakini 24 baada ya kazi nzito. Saratani inadai miaka 10 kazini, pamoja na kipimo cha afya cha wakati wa kuajiriwa kilichoonyesha huna saratani. Cheti cha kipimo hicho nani hukitunza miaka yote?