Jon Bang Carlsen na ndoo ya yule mama

Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa mbeba vifaa kwenye timu iliyotumwa kijijini kushuti filamu ya makala kuhusu shida ya maji. Mama mmoja alikuwa ndio kwanza anatoka kisimani, ndoo kichwani. Mwongozaji akaona mwanga si mzuri, akamwomba arudi nyuma aanze upya. Akarudi. Mara ya tatu tukamwambia asiitazame kamera, atembee kama siku zote, huku maji yakimchuruzika shingoni. Filamu ilipotoka, msimulizi alisema haya ndiyo maisha ya mama huyu kila alfajiri. Hakuna aliyetaja kwamba tulimrudisha.

Tangu hapo, kila nikisikia mtu anamlaumu Jon Bang Carlsen kwamba "anachezesha" filamu zake za makala, moyo unaniuma. Mwongozaji huyu wa Denmark, aliyezaliwa mwaka 1950 na kuhitimu chuo cha taifa cha filamu cha nchi yake mwaka 1976, amefanya kazi hiyo kwa miongo mingi, tena mchana kweupe. Anakwenda mahali, anakaa na watu, anawasikiliza. Aliyoyasikia anayageuza skripti, kisha anawarudishia wenyewe wayaigize. Si waigizaji wa kukodi. Ni watu walewale, wakicheza maisha yaliyo karibu sana na yao.

Mwaka 1986 alitoa filamu fupi, Før gæsterne kommer, yaani "kabla wageni hawajafika". Wanawake wawili katika hoteli ndogo ya ufukweni wanajiandaa kwa msimu wa kiangazi. Basi, kisa ni hicho tu. Lakini kwa kuwa kila kitu kimepangwa, kamera haihangaiki kuwakimbiza. Inatulia, na wewe mtazamaji unapata nafasi ya kukaa na ule ungojaji wao.

Iliyonikamata kuliko zote ni It's Now or Never ya mwaka 1996. Magharibi mwa Ireland, mkulima kapera ambaye umri umeshamtupa mkono anataka mke, na shughuli inapita kwa mshenga. Mtu yeyote aliyewahi kuona wazee wakiketi kumtafutia mtu mchumba ataielewa bila kuelezwa. Mwaka huohuo Bang Carlsen akatoa How to Invent Reality, na humo anaeleza mwenyewe jinsi anavyozitunga filamu zake. Kafungua jiko, kaonyesha sufuria.

Kumbuka ilikuwa lini. Mwaka 1995 wenzake wa Denmark, Lars von Trier na Thomas Vinterberg, walitangaza Dogme 95, masharti yao ya kutengeneza filamu: kamera ishikwe mkononi, watu washuti mahali halisi, vifaa vya mandhari visiletwe kutoka nje. Wenye hadithi za kubuni waliapa kupunguza upambaji, na mwaka mmoja baadaye mtu wa filamu za makala akasimama kusema mimi napamba. Kwangu mimi, wote walikuwa wakiulizana swali moja kutoka milango tofauti.

Si kila kazi yake naikubali. Addicted to Solitude ya mwaka 1999 aliifanya Afrika Kusini, miaka michache tu baada ya ubaguzi wa rangi kuanguka, na filamu ikaishia kukaa na wanawake wawili wa Kizungu na majonzi yao. Majonzi ni majonzi, siyadharau. Lakini katika nchi ile, wakati ule, nilitamani sana kamera igeuke upande wa pili.

Na lipo jambo zito zaidi. Anayeandika skripti ndiye mwenye kamera na mwenye fedha. Mkulima akiombwa auigize upweke wake, je, ule upweke bado ni wake? Nimeliwaza sana hili. Ninachokiona ni kwamba mkulima yule alijua anaigiza, alijua anaigiza nini, na mtazamaji naye ameambiwa.

Sisi hatukumpa yule mama skripti. Hatukumuuliza hata kama siku zake zote zinafanana. Baada ya mara ya tatu aliishusha ndoo, akachungulia ndani, akauliza kama sasa anaweza kwenda kupika. Maji yalikuwa yamebaki nusu.