Uchawi wa Kupiga Vita Ruksa, wa Kupiga Deki Marufuku

Hivi kwa nini kwenye filamu za wachawi anayeteuliwa siku zote ni yule asiyetaka? Nauliza kwa uchungu. Kijana anafuatwa mpaka alipo, anabembelezwa, anaambiwa dunia nzima inamtegemea, naye anakunja uso kana kwamba ameombwa mkopo. Sisi tulio tayari tumekaa hapa, vidole vyote kumi viko wazi, na hakuna mzee wa koti refu anayesimama hata kuulizia njia.

Chukua ile ya mwaka 2010, The Sorcerer's Apprentice. Nicolas Cage ni Balthazar, mmoja wa wanafunzi watatu wa Merlin, yule mchawi mkuu wa hadithi za kale za Waingereza, na amezunguka dunia zaidi ya miaka elfu moja akimtafuta mrithi wa mwalimu wake. Miaka elfu! Ana pete ya joka, anawavisha watoto, pete haitikisiki. Mwisho anaingia dukani kwake mtoto wa miaka 10 anayeitwa Dave, tena hakuja kutafuta uchawi, anakimbiza kikaratasi kilichopeperushwa na upepo. Kijoka kikaamka, kikatambaa, kikajizungusha kidoleni. Kazi imekwisha, siyo? Wapi! Miaka 10 mbele Dave ni mwanafunzi wa fizikia hapo New York, mzee wa watu ametoka kifungoni ndani ya mtungi alimokaa muongo mzima, na kijana badala ya kumpa pole anamwambia hataki, anataka kuishi maisha ya kawaida.

Maisha ya kawaida! Huyu hajaambiwa yana nini ndani. Maisha ya kawaida ni kusimama foleni hadi ufike dirishani, kisha dirisha lifungwe. Ni kukunja nguo usiku na kuzikuta asubuhi ziko palepale kwenye kiti, zimekunjuka zenyewe. Ni sinki kuziba siku ya wageni. Hakuna mtu aliyeyaishi hayo kwa ukamilifu anayeweza kuyaomba tena huku ana pete ya joka mkononi. Mimi ningeuliza swali moja tu: naanza lini?

Halafu angalia mafunzo yenyewe anayolalamikia. Anaambiwa avae viatu vya ngozi vilivyochongoka, eti soli ya mpira inazuia umeme. Basi, sharti ndilo hilo! Ananuna. Anafundishwa kuwasha moto kwa akili, na akiwa mtu wa fizikia somo lenyewe analielewa upesi. Balthazar anamwambia kwamba watu wa kawaida wanatumia asilimia 10 tu ya ubongo, wachawi wanatumia wote. Hapo nilikaa vizuri. Baadaye nikasoma kwamba si kweli, wataalamu wa ubongo wanasema ubongo wote unafanya kazi, hata ukiwa umelala. Iliniuma sana, maana ile asilimia 90 nilikuwa naihesabu kama akiba yangu ya uzeeni.

Nasema haya kwa sababu uwanagenzi naujua. Mimi nilijifunza kwa fundi wa magari, na kazi yangu kuu ilikuwa kushika tochi. Fundi yuko chini ya gari, unamwona miguu tu. Sauti inatoka: "Mulika hapa." Hapa wapi? "Hapa!" Unasogeza tochi kidogo kulia. "Mimi ndiyo nimeharibika? Mbona unanimulika usoni?" Unasogeza kushoto. Kimya, halafu mkono mweusi kwa grisi unachomoza, vidole vinachezacheza hewani: "Lete kumi na tatu." Unampa spana ya kumi na nne, inarudi ikiruka. Na kila nilipoona sasa anafika penyewe, pale penye siri ya kazi, ananiambia, "Kijana, nenda kaniletee maji." Nikirudi, boneti imefungwa, gari linanguruma, fundi anajifuta mikono. Maji yenyewe hanywi. Mpaka leo gari likizima njiani najua kulimulika vizuri sana.

Sasa Dave yeye mwalimu wake anamwonyesha kila kitu, bila kumtuma maji. Nani kati yetu alikuwa na haki ya kununa?

Lakini kuna sehemu moja nipo upande wake kabisa, na hapo ndipo ugomvi wangu na hizi hadithi unapoanzia. Dave ana miadi na Becky, binti aliyempenda tangu utotoni. Chumba chake cha majaribio, kule chini kwenye njia za treni, ni kichafu. Muda hakuna. Anafanya kitu pekee cha busara katika filamu nzima: anaviamuru vifaa vya usafi vifanye kazi. Fagio zinafagia, madekio yanadeki, ndoo zinajibeba, sponji zinasugua, yeye anaingia kuoga. Mimi kwenye kiti nikasimama. Nikasema hatimaye! Hatimaye mtu ameelewa uchawi ni wa nini!

Wakamuadhibu. Maji yakajaa, madekio yakagoma kutii, nyaya za umeme zikaanza kurusha cheche juu ya maji, kijana nusura afe, mpaka Balthazar atokee kuokoa na kukaripia. Sasa angalia kinachoruhusiwa kwenye filamu hiyohiyo. Joka la kitambaa la gwaride la Chinatown, mtaa wa Wachina, linageuzwa joka la kweli mbele ya umati. Tai wa chuma anabanduliwa kwenye jengo la Chrysler, ghorofa refu la New York, na kupandwa kama usafiri. Hayo yote kazi rasmi. Sakafu ikadekiwa mara moja bila mtu kuinama, ni utovu wa nidhamu.

Na msidhani ni Marekani ya 2010 ndiyo iliyoanzisha dhuluma hii. Kabla ya hapo, mwaka 1940, kwenye filamu ya katuni Fantasia, Mickey Mouse alivaa kofia ya bosi wake akaamuru ufagio uteke maji, naye akaishia kuogelea. Muziki unaomsindikiza ni wa Paul Dukas, Mfaransa, wa mwaka 1897. Dukas aliufuata utenzi wa Goethe, mshairi Mjerumani, wa mwaka 1797: mwanagenzi kaachwa peke yake, kaamuru ufagio, kasahau neno la kuusimamisha, kaupasua kwa shoka, zikawa fagio mbili zinazoteka. Miaka mia nzima kati ya mmoja na mwingine, na wote wameona wapokezane hili tu: kumkomoa aliyechoka kubeba ndoo.

Chimbuko lenyewe ni la karne ya 2, kwa Lucian wa Samosata aliyeandika kwa Kigiriki, na ukilisoma ndipo damu inapochemka. Huko mwalimu ni Mmisri, Pancrates, aliyekaa miaka 23 katika vyumba vya chini ya ardhi akifundishwa uchawi na Isis, mungu wa kike wa Wamisri. Huyu bwana wakifika mahali pa kulala anachukua komeo la mlango, au ufagio, au mchi, anauvisha nguo, anausomea maneno. Mchi unainuka! Unateka maji, unanunua chakula, unakiandaa, unahudumia kama mtumishi aliyelelewa vizuri. Akimaliza haja zake anausomea tena, unarudi kuwa mchi.

Mmeona? Mwalimu mwenyewe ndiye aliyekuwa akitumia uchawi kwa kazi za nyumbani! Kila siku! Hakuna aliyemwambia ni utovu wa nidhamu. Na mambo mengine yote alimfundisha mwenzake, Eucrates, kwa moyo mkunjufu, isipokuwa hilo moja. Hilo la maji. Yule fundi wangu lazima walikuwa ukoo mmoja.

Eucrates akajificha gizani akasikiliza, akalinasa neno, silabi tatu tu. Kesho yake Pancrates kaenda sokoni, jamaa kauvisha mchi nguo, kauagiza maji. Mtungi ukajaa. Akasema basi, inatosha, kuwa mchi. Mchi hausikii, unaleta tu. Akaupasua kwa shoka, kila kipande kikachukua mtungi wake, sasa watumishi wawili. Pancrates akarudi, akaona mafuriko, akavirudisha vipande kuwa miti, kisha akatoroka kimyakimya na hakuonekana tena. Mtu mzima, mwanafunzi wa Isis, anahama mji ili asiulizwe neno la kuzima mchi.

Nasema hivi: tatizo halikuwa uvivu wa mwanagenzi hata siku moja. Tatizo ni mafundi wanaofundisha kuwasha bila kufundisha kuzima, halafu mafuriko yakija wanasimama mlangoni na kukaza macho. Watunzi nao, kwa karne zaidi ya 18, wameshika upande wa fundi. Nina hakika hakuna hata mmoja wao aliyedeki mwenyewe.

Hata mwisho wa hiyo filamu ya 2010 umenishinda. Dave anamshinda Morgana, mchawi mbaya kuliko wote, anampata Becky, na zawadi yao ni nini? Wanapanda tai wa chuma wanaruka kwenda Paris kufungua kinywa. Kuvuka bahari ya Atlantiki kwa sababu ya kifungua kinywa, hapo hakuna mzee wa kukaripia matumizi mabaya ya kipaji.

Kwa hiyo kama kuna mchawi anayezunguka bado hajapata mtu, masharti yangu ni machache. Viatu vya ngozi ninavyo. Vita sipigani, Morgana sina ugomvi naye, moto wa kurusha sihitaji, kiberiti kinatosha. Nifundishwe neno la madekio tu. Ila lile la kuyasimamisha nipewe kwanza, na nipewe kwa maandishi.